Leseni ya kiwanda itundikwe langoni, tena kwa Kiswahili

Kwa Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nizungumzie jambo linalowagusa watu wengi wanaoishi karibu na viwanda, nalo ni namna leseni za mazingira zinavyotolewa, na muda mfupi ambao sheria inampa jirani wa kiwanda kuzipinga. Mimi ni mzee wa mtaa upande wa Changamwe, Mombasa, kazi ambayo nimeifanya kwa miaka 11, na kabla ya hapo nilikuwa karani bandarini. Mimi si wakili. Haya ninayoyaandika nimejifunza kwa kukaa katika mabaraza, kwa kusoma hukumu ambazo vijana wa mtaani wamenipakulia kwenye simu, na kwa kufanya kosa moja ambalo nisingependa mzee mwenzangu alirudie.

Kosa lenyewe lilitokea miaka michache iliyopita, wakati kampuni moja, ambayo sitaitaja, ilipotaka kujenga kiwanda cha kuyeyusha vyuma chakavu karibu na makazi yetu. Tuliitwa mkutanoni Jumamosi asubuhi. Palikuwa na hema, viti vya plastiki na kreti za soda. Wageni wetu walizungumza kwa muda wa saa nzima hivi, sehemu kubwa kwa Kiingereza, kuhusu ajira zitakazopatikana na barabara itakayotiwa lami. Kabla hatujatawanyika lilipitishwa daftari la mahudhurio, lenye nafasi ya jina, nambari ya kitambulisho, simu na sahihi, na kila aliyetia sahihi alipewa shilingi 500 za nauli. Nilitia sahihi wa kwanza kwa kuwa mimi ndiye mzee, na wenzangu wakafuata kwa kuwa waliniona nimetangulia. Miezi kadhaa baadaye niliikuta orodha ile imeambatishwa nyuma ya ripoti ya tathmini ya athari kwa mazingira, chini ya kichwa kilichosema kwamba jamii ilishirikishwa na haikuwa na pingamizi. Sahihi ile haikughushiwa. Ni yangu, na mpaka leo naikumbuka kila ninapopita njia ile.

Tangazo la kuwaalika wananchi watoe maoni juu ya ripoti hiyo lilikuwapo, kwa sababu sheria inalitaka. Lilipigiliwa msumari kwenye mwarobaini ulio nyuma ya kibanda cha mama mmoja anayeuza mahamri na mbaazi, juu kidogo ya kimo cha mtu, ndani ya karatasi ya nailoni iliyokwisha kuingia maji. Liliandikwa kwa Kiingereza kitupu. Mama yule alilipita kila alfajiri akienda kuwasha jiko, akidhani ni tangazo la mnada wa kiwanja. Mjukuu wake, aliyekuwa kidato cha tatu, ndiye aliyelisoma, akaja kwangu kuniuliza, “Babu, hizi siku thelathini zimeanza kuhesabiwa lini?” Tulitazama tarehe pamoja tukakuta zimekwisha kupita siku 41.

Habari kwamba leseni imekwisha kutolewa tuliipata kwa kuona moshi. Tulikwenda langoni wazee watatu kuomba nakala, mlinzi akatuambia tuandike barua. Tuliandika. Nakala ilipotufikia, kwa kupitia mkono wa tatu, leseni ilikuwa na umri wa miezi mitano. Humo ndani mlikuwa na masharti mazuri kabisa, ambayo laiti tungeyajua tangu mwanzo tungeyasimamia sisi wenyewe bila kumsumbua mtu, likiwamo sharti kwamba maji machafu yasitoke nje ya ua kabla ya kusafishwa. Nyuma ya ukuta ule kuna mtaro mwembamba unaoteremka hadi kwenye nyumba za wapangaji. Usiku wa mvua, maji yanayotoka humo yana rangi ya chai ya mkandaa, na asubuhi yakikauka huacha utando wa kutu juu ya mawe. Watoto huruka mtaro huo wakienda madrasa.

Sasa nieleze sheria ilivyo, kwa kadiri ninavyoielewa, kwa sababu wasomaji wengi hawajawahi kuelezwa. Sheria ya Usimamizi na Uratibu wa Mazingira ya mwaka 1999 inasema kwamba miradi ya aina fulani, viwanda vya namna hii vikiwamo, haiwezi kuanza kabla ya kufanyiwa tathmini na kupewa leseni na Mamlaka ya Kitaifa ya Usimamizi wa Mazingira, ambayo sote tunaiita NEMA. Kanuni za mwaka 2003 zilizotungwa chini ya sheria hiyo zinamtaka mwenye mradi abandike mabango mahali panapoonekana karibu na eneo la mradi, atangaze gazetini kwa wiki mbili mfululizo, atangaze redioni kwa lugha rasmi na lugha za wenyeji, na afanye mikutano isiyopungua mitatu na watu watakaoathirika, awaeleze madhara na kusikiliza maoni yao. Kisha leseni ikitolewa, kifungu cha 129 cha sheria kinampa mtu asiyeridhika siku 60 za kukata rufaa mbele ya Jopo la Kitaifa la Mazingira. Siku hizo huhesabiwa tangu jambo analolipinga litokee, yaani tangu leseni itolewe.

Hapo ndipo penye shida. Ripoti ya tathmini hutangazwa, walau juu ya mwarobaini. Leseni yenyewe haitangaziwi majirani. Hakuna anayekuja mtaani kusema kwamba leo kiwanda kimepewa ruhusa na kwamba hesabu ya siku 60 imeanza. Mlango wa rufaa upo, umeandikwa katika sheria, lakini anayejua siku unapofunguliwa ni mwenye kiwanda na ofisi iliyompa karatasi. Jirani hupata habari siku tanuri linapowashwa, na kati ya leseni na tanuri huwa kuna ujenzi wa miezi mingi.

Hasara ya kuchelewa namna hiyo si jambo la kuwaza tu, na sisi wa Mombasa hatuhitaji kwenda mbali kuiona. Kutoka kwangu hadi Owino Uhuru, karibu na Mikindani, ni mwendo wa matatu moja. Ni kijiji cha nyumba za udongo na mabati chenye watu wapatao 3,000, na ukutani mwake palikuwa na kiwanda cha kuyeyusha betri kuukuu za magari ili kutoa madini ya risasi. Anayejua kazi hiyo anajua ilivyo. Betri hupasuliwa, tindikali ikamwagwa, sahani za risasi zikatupwa tanuruni, na kinachopanda kwenye bomba ni moshi wenye vumbi la madini ambalo halina harufu ya kumtahadharisha mtu. Vumbi hilo hutua juu ya mabati, kwenye kamba za nguo, kwenye mchanga ambao mtoto anachezea kisha anatia kidole kinywani. Risasi ikiingia mwilini hujificha katika mifupa kwa miaka mingi. Humfikia mtoto akiwa bado tumboni mwa mama yake, na hudhuru ubongo wake kabla hajajua kusema. Shirika la Afya Duniani linasema hakuna kiwango chochote cha risasi katika damu kinachojulikana kuwa salama.

Bi Phyllis Omido aliajiriwa na kiwanda hicho mwaka 2009, na miongoni mwa kazi zake za mwanzo ilikuwa kushughulikia ripoti ya tathmini ya mazingira. Ripoti ilionyesha kwamba kiwanda kiko karibu mno na watu na kwamba kinafaa kuhamishwa. Ushauri huo haukufuatwa, naye akaondolewa kwenye kazi hiyo. Muda si muda mtoto wake mchanga akaugua, na vipimo vikaonyesha ana sumu ya risasi. Aliacha kazi, akaanza kuwapima watoto wa majirani, akaandamana, akakamatwa, akaunda shirika la kutetea haki za mazingira, na mwaka 2015 akapewa Tuzo ya Goldman, ambayo ni miongoni mwa heshima kubwa duniani kwa watetezi wa mazingira. Kiwanda kilikuwa kimefungwa mwaka 2014.

Kesi ya wakazi ilifunguliwa mwaka 2016 katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi hapa Mombasa. Hukumu ilisomwa tarehe 16 Julai 2020: shilingi bilioni 1.3 za fidia kwa madhara ya mwili na vifo, na agizo la kusafisha udongo na maji, la sivyo zitolewe shilingi milioni 700 kwa kazi hiyo. Nilipoisoma hukumu ile kulikuwa na jambo lililonifanya nirudi nyuma kusoma mara ya pili. Katika kugawa lawama, mahakama iliibebesha kampuni ya kuyeyusha betri asilimia 25, na NEMA asilimia 40. Wizara na taasisi nyingine za serikali zilipata mafungu yao. Kwa maneno mengine, mahakama iliona kwamba aliyekabidhiwa ulinzi wa lango alikuwa na mzigo mkubwa kuliko aliyepita langoni, kwa sababu bila ruhusa na bila kufumbiwa macho kiwanda kile kisingedumu mahali pale.

NEMA ilikata rufaa. Mwaka 2023 Mahakama ya Rufaa ikatengua kiasi cha fidia na kuagiza hesabu yake isikizwe upya, na wakazi wakapanda tena ngazi mpaka Mahakama ya Juu, ambayo Desemba 2024 iliirudisha fidia ile. Hesabu ya miaka ni rahisi. Mtoto aliyezaliwa mwaka kesi ilipofunguliwa alikuwa na miaka minane neno la mwisho liliposemwa, na yule aliyevuta vumbi mwaka 2009 akiwa mchanga alikuwa na miaka 15. Nawaheshimu sana majaji waliosema kweli katika kesi ile, na mawakili waliobaki na watu wale miaka yote hiyo. Lakini hukumu huja baada ya damu kuingia sumu, na mpaka sasa hakuna mahakama iwezayo kuitoa risasi katika mfupa wa mtoto.

Ukitaka kuona kesi iliyokuja kwa wakati wake, tazama Lamu. Mwezi Septemba 2016 NEMA iliipa kampuni ya Amu Power leseni ya kujenga mtambo wa umeme wa makaa ya mawe pale Kwasasi, mtambo wa megawati zipatazo 1,050, katika kaunti ambayo mji wake mkongwe uko kwenye orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO tangu mwaka 2001. Watu wa Lamu hawakungoja moshi. Jumuiya ya Save Lamu na wenzake walifika mbele ya Jopo la Kitaifa la Mazingira ndani ya muda, na baada ya kusikiliza pande zote kwa zaidi ya miaka miwili, tarehe 26 Juni 2019 jopo likaifuta leseni. Sababu iliyotangulia nyingine zote ilikuwa kwamba umma haukushirikishwa inavyotakiwa. Mikutano ilikuwapo, lakini watu waliitwa kusikia habari za mradi kabla ya utafiti wa madhara yake kukamilika, na utafiti ulipokamilika hawakurudiwa kuelezwa umeonyesha nini. Tena jopo lilisema athari za mradi kwa hali ya hewa hazikuzingatiwa ipasavyo.

Nimeisoma sehemu ile ya uamuzi nikikumbuka hema letu na kreti zetu za soda. Lau mimi na wenzangu tungejua kwamba mkutano wa utambulisho si mkutano wa kushauriana, na kwamba sahihi ya mahudhurio si sahihi ya ridhaa, tungekuwa na la kusema mbele ya jopo lilelile, na tungelisema mapema. Tofauti kati ya watu wa Lamu na watu wa Owino Uhuru si ushujaa, maana ushujaa wa Owino Uhuru hauna mfano. Watu wa Lamu walijua tarehe. Walikuwa na wanaharakati waliofuatilia, mawakili waliojitolea, na mradi mkubwa ulioandikwa katika kila gazeti. Kiwanda cha vyuma chakavu katika uchochoro wa Changamwe hakiandikwi gazetini.

Na aliyekosa siku 60 asidhani njia iliyobaki ni nyoofu. Katiba ya mwaka 2010, katika ibara ya 42, inampa kila mtu haki ya kuishi katika mazingira safi yenye afya, na ibara ya 70 inamruhusu yeyote kwenda mahakamani kuitetea haki hiyo bila kulazimika kuonyesha kwamba yeye mwenyewe ameumia. Ni maneno mazito na nawashukuru walioyaandika. Hata hivyo, majirani wa viwanda vya sukari na pombe vya Kibos, kule Kisumu, waliyatumia wakashinda mwaka 2019, Mahakama ya Mazingira na Ardhi ikabatilisha leseni za viwanda hivyo, kisha mwaka 2020 Mahakama ya Rufaa ikatengua ushindi wao kwa hoja kwamba malalamiko ya namna ile yalipaswa kuanzia kwenye jopo na kamati ya malalamiko, si mahakamani. Watu walikuwa wamelalamikia maji machafu na moshi, wakarudishwa kwa sababu ya mlango waliobisha. Mwishoni mwa 2023, katika shauri jingine, Mahakama ya Juu ilisema wazi kwamba Mahakama ya Mazingira na Ardhi ina mamlaka ya kusikiliza madai ya kuvunjwa kwa haki ya mazingira safi, na hilo limetupa nafuu. Lakini mwananchi wa kawaida, asiye na wakili, hawezi kutazamiwa kuzifuata njia panda hizi zote huku anakohoa.

Majirani zetu wa Tanzania nao wanayajua haya tangu zamani. Mwaka 1988 wakazi wa Tabata, Dar es Salaam, waliishtaki Halmashauri ya Jiji kwa kumwaga taka na kuzichoma katikati ya makazi yao, na Mahakama Kuu ikawapa haki. Taka zikahamishiwa Kunduchi Mtongani, na mwaka 1991 wakazi 750 wa huko wakalazimika nao kwenda mahakamani. Ninalitaja hilo kwa sababu moja: palipo na watu wasiojulishwa, mzigo huhamishiwa kwao.

Ombi langu, Mhariri, ni dogo na halina gharama kubwa. Naomba kila kiwanda kilichopewa leseni ya mazingira kilazimishwe kuitundika leseni hiyo na masharti yake yote kwenye ubao langoni, kwa upande wa nje, kwa Kiswahili na Kiingereza, kuanzia siku ile ile inapotolewa, na juu ya ubao iandikwe kwa herufi kubwa tarehe ambayo siku 60 za rufaa zinakwisha. Nakala ibandikwe katika ofisi ya chifu na isomwe katika baraza la kwanza litakalofuata. Tena naomba wabunge wakifikirie upya kifungu cha 129, hesabu ya siku ianze pale leseni ilipotundikwa hadharani, isianze siku ilipopigwa muhuri ofisini. Kwa namna hiyo kampuni itakayoficha karatasi yake haitapata faida ya kuficha, kwa kuwa muda wa kuipinga utakuwa haujaanza.

Kuhusu lugha sitaki kusema mengi, kwa sababu ibara ya 7 ya Katiba imekwisha kusema: Kiswahili ni lugha ya taifa, na ni lugha rasmi pamoja na Kiingereza. Anayeweza kututangazia sabuni na mikopo kwa Kiswahili fasaha anaweza kututangazia vilevile kwamba ataweka tanuri la nyuzi joto elfu moja na zaidi mita 80 kutoka kitandani kwa mtoto.

Wapo watakaosema kwamba jambo hili haliwezekani, au kwamba ni usumbufu. Yule mama wa mahamri ana kibali cha kaunti, na amekitundika ukutani juu ya ndoo ya unga, kwa sababu askari wa kaunti wakija wasikione watamtoza faini au kumfungia kibanda. Kila jengo la ghorofa linalojengwa mjini huwa na ubao mbele yake unaotaja mwenye mradi, mkandarasi na nambari za idhini. Sioni kwa nini mwenye kuuza mahamri aonyeshe ruhusa yake kwa kila mpita njia na mwenye kuyeyusha chuma asionyeshe yake.

Wapo pia watakaosema kwamba tukiwafungulia majirani mlango wa kupinga kila leseni, wawekezaji watakimbia na vijana watakosa kazi. Hoja hii siipuuzi. Mwanangu wa pili analisha wanawe kwa mshahara wa kiwanda, na kodi ya nyumba nyingi za mtaani kwetu hulipwa na watu wanaoingia zamu saa kumi na mbili asubuhi. Siombi viwanda vifungwe. Lakini tuangalie nani hasa anaumia kwanza kiwanda kinapokuwa kibaya. Wafanyakazi wengi wa viwanda vyetu ni watu wa makazi yaliyo ukutani mwavyo. Hulivuta vumbi mchana, kisha hulipeleka nyumbani jioni katika nguo za kazi, na wake zao hulifua kwa mikono. Mfanyakazi anayejua masharti ya leseni ya mwajiri wake ana silaha ya kujilinda bila kugoma na bila kuacha kazi. Ama mwekezaji, nadhani mwenye nia njema angependa kupingwa ndani ya siku 60, kabla hajaagiza mitambo, kuliko kupingwa miaka mitano baadaye akiwa na deni la benki na kesi ya fidia shingoni.

Kwa NEMA nina neno la heshima. Najua maofisa wao ni wachache na viwanda ni vingi, na nimewaona baadhi yao wakifanya kazi kwa uaminifu mkubwa. Sheria imewapa uwezo, katika kifungu cha 67, wa kusimamisha au kufuta leseni ya anayekiuka masharti. Lakini ofisa mmoja hawezi kuwa kwenye kila mtaro usiku wa mvua. Sisi tuko hapo. Tunalala hapo. Tukiyajua masharti, tutawapa macho ambayo hawayalipii mshahara: tutawaambia maji yametoka saa ngapi, yana rangi gani na yameelekea wapi. Tusipoyajua, hata tukiona hatujui kwamba tunachokiona kimekatazwa. Katika mkasa wa Owino Uhuru fungu kubwa la lawama liliangukia mamlaka hii, na hakuna atakayefaidika kuliko yenyewe ikiwa majirani watawezeshwa kuzungumza mapema.

Wazee wenzangu nawaomba mambo mawili ya kufanya wiki hii, bila kungoja sheria ibadilike. Mkiitwa kwenye mkutano wa mradi wowote, kabla ya kushika kalamu andikeni wenyewe juu ya ukurasa wa daftari maneno “Nimehudhuria tu, sijakubali wala kukataa,” na mkatae kutia sahihi ikiwa hawataki maneno hayo yakae hapo. Na mkisikia uvumi kwamba leseni inashughulikiwa, msingoje moshi. Andikeni barua NEMA mkiomba nakala ya ripoti na ya leseni, mkitaja ibara ya 35 ya Katiba na Sheria ya Kupata Habari ya mwaka 2016, na mwombe nakala ya barua mtakayobaki nayo igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Muhuri huo ndio utakaowasemea baadaye, mtu akija kuwaambia kwamba mlinyamaza. Malalamiko pia yanaweza kupelekwa kwa Kamati ya Kitaifa ya Malalamiko ya Mazingira, na kwa hilo barua inayoeleweka inatosha, hakuna haja ya wakili.

Sisi upande wetu tumekwisha kuandika. Barua yenye ombi la ubao wa langoni, iliyotiwa sahihi na wakazi 112 wa mitaa mitano, imepelekwa kwa kamati ya mazingira ya kaunti, na nakala kwa mbunge wetu. Tuliandika kwa Kiswahili, kurasa mbili. Tuliipitisha nyumba kwa nyumba kwa jioni sita, na mjukuu wa mama wa mahamri, ambaye sasa amemaliza shule, ndiye aliyekuwa akiisoma kwa sauti tangu mwanzo hadi mwisho, kila mlango, kabla ya mtu yeyote kupewa kalamu.

Mzee wa mtaa,
Changamwe, Mombasa